Tochi ya Halina

Itangazwe kwa wote, waliofika mapema na waliochelewa, kwamba ndani ya sura hii litatamkwa tamko kubwa la mapenzi kuliko yote yaliyowahi kusikika mjini Buffalo tangu theluji ya kwanza ianguke huko. Wenye mioyo dhaifu wakae karibu na ukuta. Itangazwe pia kwamba msimulizi hana upande. Amesimama katikati kama refa, filimbi mdomoni, na hatamsaidia mtu yeyote hata kwa kope. Gari la kumpeleka Kaz Pruchnik uwanja wa ndege litafika mlangoni saa kumi kamili jioni, na hakuna nguvu duniani itakayolichelewesha.

Basi, Halina Dudek, ambaye ndiye atakayetamkiwa, alikuwa amepiga magoti jikoni kwa mama yake, mikono imejaa siagi, akitafuta jicho lililoviringika chini ya jokofu.

Jicho lenyewe lilikuwa chembe ya pilipili manga. Mwenye jicho alikuwa mwanakondoo wa siagi, mkubwa kama kiatu cha mtoto, amefungwa utepe mwekundu shingoni. Kabla ya Pasaka Halina alikuwa amechonga mia nne kama huyo kwenye kibanda chao sokoni, na wote walikwisha kuliwa. Huyu mmoja alikuwa wa nyumbani. Wajomba walikuwa wamemla nusu ya uso jana, na leo Jumatatu Halina alikuwa akimrudishia sura, kwa sababu mikono yake ilikataa kutulia.

"Hebu mwache huyo," alisema Mama Dudek. "Ataliwa hata akiwa chongo."

"Namalizia tu, Mama."

"Umeanza kumalizia tangu saa sita. Mara masikio, mara mkia. Kondoo wa watu sasa anafanana na mbwa."

Mama Dudek hakuinua macho kusema hayo. Alikuwa akikunja pierogi: kijiko cha viazi na jibini katikati ya duara la unga, anakunja, kisha vidole viwili vinapita kwenye ukingo, bana, bana, bana, kama mwanamke anayehesabu dhambi za jirani.

"Saa tisa hii," akaendelea. "Na hujamwagiwa hata tone."

"Mama, tafadhali."

"Nasema tu. Ni Dyngus. Wenzako wote wamelowa. Binti wa akina Sobczyk, yule mwenye meno, nimemwona akipita anachuruzika kama bata. Wewe mkavu kama biskuti."

Halina alijua. Kila mtu alijua. Jumatatu ya Pasaka, ambayo Wapolandi wa Buffalo huiita Dyngus, mwanamume anayemtaka mwanamke humrushia maji, na mwanamke anayemkubali humchapa miguuni kwa fimbo za matawi yenye vishada laini kama masikio ya paka. Mwanamke wa miaka thelathini na moja akilala mkavu siku hiyo, parokia nzima itamwombea mpaka Krismasi.

"Angalau twende kwenye gwaride," mama akasema.

"Gwaride liko mbali, kule Broadway. Na miguu inakuuma."

"Kweli. Na huku Kaisertown halijawahi kufika hata siku moja." Bana, bana. "Kama watu fulani."

Watu fulani walikuwa mtu mmoja, na jina lake lilikuwa limekatazwa katika nyumba ile kwa miezi kumi na minne.

Kaz Pruchnik alianza kuchekesha watu katika ukumbi mdogo wenye dari ya kuvuja, na kazi ya Halina ukumbini humo ilikuwa kukaa nyuma kabisa na tochi. Kila mchekeshaji alikuwa na dakika kumi. Zikikaribia kwisha, Halina aliwasha tochi, na yule aliyekuwa jukwaani alijua amebakiwa na dakika moja ya kumaliza na kushuka. Hakuna aliyepata kumlalamikia Halina. Alikuwa mwenye haki kama saa ya kanisa, ila kwa Kaz. Kaz alipanda jukwaani akiwa na shati la marehemu baba yake na mguu unaotetemeka, na tochi ya Halina ikachelewa dakika mbili. Ilichelewa hivyo kila wiki kwa miaka sita. Mapenzi yao yalijengwa ndani ya dakika mbili hizo za wizi.

Kichekesho kilichompa Kaz jina kilikuwa cha mama mkwe mkali anayepima wachumba wa binti yake kwa kuwalisha mpaka wazimie. Watu walidondoka vitini kwa kicheko. Kikatoka Buffalo, kikafika televisheni, kikafika California, kikageuka filamu, na filamu ikamgeuza Kaz kuwa nyota. Tangu hapo hakuna aliyemwita Mama Dudek kwa jina lake sokoni. Walimwita Mama Mkwe, wakimwomba awakaripie kidogo wapige picha.

Kaz aliondoka akisema ni kwa wiki sita. Simu zikawa za kila siku, zikawa za kila Jumapili, kisha ikawa Halina ndiye anayemwona Kaz, kwenye mabango, na Kaz hamwoni Halina.

Saa tisa na nusu mlango ukagongwa.

"Kaa hapo," mama akasema, huku akijifuta unga. "Nitafungua mimi."

Halina akasikia mlango wa baraza ukifunguliwa. Akasikia kimya. Kisha akasikia fimbo ikimlamba mtu, mara moja, kwa nguvu, na sauti ya mwanamume ikisema "Aa!" Halina angeijua "Aa" hiyo hata kaburini.

Walikawia huko barazani. Alisikia minong'ono tu. Alipokwisha kumpachika kondoo jicho kwenye pua, mama akarudi peke yake, akachukua bakuli la unga, akasema, "Nitakunjia sebuleni. Mlango nauacha wazi. Mimi ni Mkatoliki."

Ndipo Kaz akaingia.

Alikuwa amekonda, amepakwa rangi ya jua ambalo Buffalo haina. Koti lake lilikuwa jepesi mno kwa majira yale. Macho yao yakakutana, yakakimbiana, yakarudi tena yenyewe bila kutumwa.

"Halina."

"Pruchnik."

"Nimekuwa Pruchnik?"

"Hata kwenye bango wameandika hivyo. Suruali yako imelowa."

Kaz akatazama chini. Chini ya mfuko wa koti, doa la maji lilikuwa limeshuka hadi gotini. "Ah. Si vile unavyofikiri."

"Sifikiri chochote. Nasubiri useme."

"Gari linakuja saa kumi. Nina ndege. Nimeomba saa chache kati ya ndege na ndege, nimepita kwa shangazi, nimezunguka mtaa wenu mara tano."

"Kwa hiyo nina nusu saa. Ni nyingi. Zamani nilikuwa nakupa dakika kumi."

"Kumi na mbili," akasema Kaz taratibu.

Halina akageuka upesi kumshughulikia kondoo. Hakutaka aone alichokifanya uso wake.

"Sema ulichokuja kusema," alimwambia kondoo.

Kaz akasogea mpaka kwenye ukingo wa meza. Akavuta pumzi, na lile tamko tukufu likaanza.

"Halina, kule nilipo kuna mtu wa kunichana nywele na mtu wa kunivalisha viatu. Miezi kumi na minne ananivalisha, na hajui kwamba mguu wangu wa kushoto ni mkubwa." Akatua kidogo. "Wewe ulijua siku ya kwanza, ulinikanyaga." Akatua tena. "Kila nikisimama mbele ya kamera kuna taa mia zimenikodolea. Zote zinaniambia endelea. Na mimi macho yangu yanatafuta ile moja ya nyuma, ndogo, ya kuniambia basi Kaz, inatosha, shuka, twende nyumbani. Siioni. Nimesahau namna ya kushuka, Halina. Twende wote. Nataka uniwashie."

Machozi yalimtoka Halina bila hodi. Yakateremka hadi kidevuni, naye hakuweza kuyafuta kwa sababu ya siagi. Alikuwa ameyangoja maneno hayo kwa siku zote zile za kuoga bomba likiwa wazi ili mama asisikie kilio. Akainua mkono wake wenye mafuta, akaupeleka kifuani mwa Kaz. Pale, nyuma ya kitambaa cha mfuko wa shati, akaona alama nyekundu ikiwaka na kuzimika. Ikawaka. Ikazimika.

Mkono ukasimama.

"Kaz."

"Naam."

"Simu yako inarekodi."

Jamani, mazoea yana taabu. Mchekeshaji hapandi jukwaani bila kubonyeza simu irekodi, ili kesho asikilize wapi walicheka na wapi walikohoa. Hufanya hivyo kama mtu mwingine afungavyo zipu. Kaz akapauka, jua lote la California likamtoka usoni kwa mara moja.

"Halina, naapa, ni kidole tu! Kidole kilibonyeza chenyewe!"

"Ulitua," akasema Halina.

"Nini?"

"Baada ya mguu wa kushoto ulitua. Baada ya ulinikanyaga ukatua tena. Ulikuwa unawaachia nafasi wacheke." Sauti yake ilikuwa ndogo na baridi. "Nimekaa nyuma ya ukumbi miaka sita, Kaz, na najua pengo la kicheko lina urefu gani. Nani alikuwa acheke hapa? Kondoo?"

"Sikujua kama nimetua..."

"Mama amekuwa kichekesho, sawa, tumezoea, sokoni wanamwomba awakaripie. Sasa ni zamu yangu? Mwakani nitakaa sinemani nijione nikilia na siagi mikononi?"

"Hapana!"

"Basi iweke hapo juu ya meza. Tusikilize. Tuone ni wapi walikohoa."

"Halina, usi..."

"Iweke!"

Akaiweka. Halina akabonyeza kwa kiwiko, na simu ikapakwa siagi. Haikuanzia jikoni. Ilianzia nje, barazani, kabla mlango haujagongwa. Sauti ya upepo. Nyayo zikienda, zikirudi. Kisha Kaz, peke yake, akinong'ona:

"Halina, nimerudi. Hapana, ataona, ana macho. Halina, nakupenda. Hapana, hiyo iko kwenye bango. Ee Mungu, nisaidie nisiwe mchekeshaji kwa dakika kumi tu. Tano. Nipe tano."

Kubisha. Mlango. Kimya. Fimbo.

"Aa!"

"Hiyo ni ya filamu," ilisema sauti ya Mama Dudek simuni. "Yule mwanamke mliyemtafuta aniige hajui kubana pierogi! Anabana kama anafunga bahasha. Nimeona aibu mara zote tatu."

Jikoni, Halina akageuza shingo kuelekea mlango wa sebuleni. "Mara tatu?"

Sebuleni, bana bana ikasita. "Nilikuwa nasindikiza watu," mama akajibu.

"Ulisema hutaitazama hata ukifa!"

"Sijafa. Sikiliza simu."

Simu ikaendelea. "Mama Dudek, nisamehe," alikuwa akisema Kaz. "Sikukuomba ruhusa. Ilikuwa kwanza nikuombe."

"Ilikuwa. Sasa nisikilize, Kazimierz. Mwanangu anafungua bomba la maji anapolia, anadhani mimi ni kiziwi. Kama umekuja kumtaka, mtake leo, kwa kinywa chako, si kwa kinywa cha kazi yako. Kama umekuja kupita tu, geuka sasa hivi. Umwache mkavu, nitajua la kuwaambia watu."

"Naogopa, Mama."

"Unaogopa nini? Dunia nzima inakutazama."

"Hao hawajawahi kuniwashia tochi."

Kisha sauti ya mama, iliyobadilika: "Pangusa viatu."

Halina akazima. Alisimama akiitazama ile simu kama mtu anayetazama mlango asiojua unafunguka upande gani. Uso ulikuwa unamwaka kwa sababu ya lile bomba. Aliona haya, na hasira, na chini ya hasira kitu kingine kilichokuwa kikirukaruka kama samaki ndani ya ndoo. Saa ya ukutani ilisema saa kumi kasoro dakika sita.

"Ifute," akasema.

Kaz hakuuliza kwa nini. Ila kidole chake kilisita juu ya kioo, na Halina alikiona kikisita, naye alijua sababu. Dakika zile zilikuwa na kila kitu: fimbo, bahasha, kondoo. Hakuwahi kuwa na dakika nzuri kama hizo maishani mwake. Mchekeshaji kufuta kitu kama hicho ni mkulima kuchoma ghala.

Akafuta. Akaigeuza simu imwoneshe Halina pale palipobaki patupu. "Haipo."

"Kichwani je?"

"Kichwani siwezi kufuta. Naweza kukuahidi."

"Ahadi zako zilikuwa za wiki sita."

Kaz akaitia simu mfukoni, na kwa mara ya kwanza hakutafuta la kuchekesha.

Halina akafungua droo ya vijiko. Chini kabisa, chini ya vizibo na kamba, ilikuwepo: tochi ndogo nyeusi, imefungwa utepe pale ilipopasuka. Kaz alipoiona midomo yake ilitikisika.

"Kanuni unaijua," akasema Halina. "Ikiwaka, una dakika moja. Usinichekeshe. Usitue. Ukianza maneno yako mazuri nitaizima na utatoka kwa mlango ulioingilia."

Akaiwasha, akaielekeza usoni pa Kaz.

Kaz akafungua kinywa. Halina alimwona akilitafuta neno, akaliona neno likija, zuri, limevaa viatu, na akamwona akiliacha lipite. Akafunga kinywa. Sekunde kumi. Ishirini. Mtu yule ambaye hakuwahi kunyamaza hata mazikoni kwa baba yake alisimama katika mwanga ule na suruali iliyolowa, mikono ikining'inia, kidevu kikitetemeka, asitoe hata mzaha mmoja wa kujifichia. Huko sebuleni pia vidole vilikuwa vimetulia. Hakuna aliyecheka. Hakuna aliyekohoa.

Dakika ikaisha. Halina hakuzima. Aliiacha iwake, na ikapita nyingine, na alipokaribia mwisho wa ile ya pili alijua kwamba ameiba tena kwa ajili ya mtu yuleyule, na kwamba angeiba siku zote.

"Kaziu," akasema. Hilo jina hakuwa amelitumia kwa miezi kumi na minne. "Hiyo suruali imelowa kwa nini?"

Kaz akatia mkono ndani ya koti polepole, akatoa bastola ya maji ya mtoto, ya plastiki ya kijani. "Niliinunua uwanja wa ndege asubuhi. Ilikuwa imejaa. Inavuja."

"Hukusema."

"Ningesema ingekuwa kichekesho."

Akainyoosha mbele yake, akabonyeza. Ikatoa pumzi. Akabonyeza tena. Ikakohoa. Mara ya tatu, kwenye mdomo wa bastola likajitokeza tone moja, likaning'inia, likafikiria, kisha likaruka na kumwangukia Halina juu ya pua.

"Tone!" Mama Dudek akapaza sauti kutoka sebuleni, ingawa aliapa baadaye kwamba hakuwa akichungulia. "Nimeliona! Mungu ni shahidi, amemwagiwa!"

Na saa ikagonga kumi.

Honi ya gari ikalia mtaani, ndefu, ya mtu mwenye ratiba. Kaz akafumba macho. Halina akahisi moyo ukishuka mpaka kwenye vigae vya sakafu. Amempata, na dakika ileile anampoteza. Honi ikalia mara ya pili, ikakatika katikati, na ikafunikwa na kishindo kingine: ngoma, tarumbeta, kodiani zisizopungua kumi. Wakakimbilia dirishani wote watatu. Bendi nzima ilikuwa inaingia mtaani mwao, na nyuma ya bendi malori yaliyopambwa kwa nyekundu na nyeupe, na nyuma ya malori mamia ya watu waliolowa chapachapa, wakichapana fimbo na kucheza polka. Gari jeusi la uwanja wa ndege lilikuwa limekwama katikati yao kama mende katika uji, na dereva alikuwa amekwisha kumwagiwa.

"Gwaride," akasema Mama Dudek, mkono kifuani. "Huku Kaisertown!"

"Ndege yangu..." Kaz akaanza.

"Ndege yako itakuwepo kesho," akasema Halina. "Kesho tutazungumza kama nakufuata au wewe ndiye unayerudi. Tutagombana, nakwambia mapema. Leo utakaa, utakula, na mama atakufundisha kubana, ili uende ukamfundishe yule mwanamke wako wa bahasha."

Kisha akachukua fimbo iliyokuwa imeegemezwa mlangoni, yenye vishada laini, akamchapa Kaz miguuni. Hakuchapa kwa nguvu kama mama yake. Alichapa mara moja, taratibu, kama mtu anayetia sahihi, na mkono wake wa siagi ukafuata, ukamshika kwenye kola, ukamvuta karibu.

Naam. Namwona msomaji mmoja kule nyuma amenyoosha mkono, na uso wake si wa heri. Anasema gwaride la Dyngus hupita Broadway, maili kadhaa kutoka pale. Anasema ukurasa wa kwanza uliapa kwamba hakuna nguvu itakayolichelewesha gari. Anauliza ni nani aliyeigeuza bendi nzima kwenye kona, ikavuka reli na daraja, dakika ileile saa ilipogonga kumi.

Nimeshikwa. Ni mimi. Nilisimama katikati na filimbi mdomoni, nikastahimili mpaka lile tone, na tone lilipomwangukia puani nikashindwa, nikaenda kwenye kona nikapuliza. Halina aliiba dakika mbili kila wiki kwa ajili ya Kaz, nami nimeiba gwaride moja tu kwa ajili yao. Adhabu nitaipokea kwa adabu zote, mradi asipelekwe mtu kumwambia yule dereva ni barabara gani iko wazi.